Makazi ya Sasa

Fomu ya kuhamisha kesi yake ya talaka ilikuwa imebaki na nafasi moja tupu: makazi ya sasa.

"Jaza mtaa na namba ya nyumba, mama," karani wa mahakama alimwambia Felista. "Nakala tutampelekea mumeo."

Felista aliiweka kalamu mezani. Alikuwa amemtoroka mtu huyo, yeye na binti yake. Kesi ikibaki kule walikotoka, kila tarehe ya kesi itabidi ampite mumewe mlangoni pa mahakama, mume akiwa amesimama na kaka zake. Ikihamia hapa, mume atajua pa kuja kubisha hodi.

"Naweza kuandika kanisani?"

"Kwani unalala kanisani?"

"Natamani, kaka yangu."

Karani alicheka, kisha akayaona macho yake, akaacha. "Bila anwani, kesi haihami."

Felista aliomba kimoyomoyo: Bwana, tufunike.

"Mimi naijua!" alidakia binti yake, aliyemkalia magotini. Mwalimu alikuwa amewakaririsha darasa zima anwani za kwao, wasije wakapotea. "Tunakaa mtaa wa—"

Felista akamziba mdomo. Karani aliinamisha uso, akasubiri. Chini ya kiganja cha mama, midomo midogo yenye joto iliendelea kutaja namba ya nyumba.