Perege Asiyejibu

Perege mmoja jike alikuwa wa ukoo usiopatikana mto mwingine wowote. Ukame ulipobakiza kidimbwi kimoja, Kambale alikitaka peke yake.

"Ahamie mto mwingine," alimwambia Kaa, mwamuzi wao.

"Unasemaje, Mama Perege?" Kaa aliuliza mara mbili. Perege alichemka kwa hasira, lakini hakufumbua kinywa.

"Kunyamaza ni kukubali," Kaa akaamua. "Kidimbwi ni cha Kambale."

Hapo Perege akaachama, na vifaranga wake mia wakamwagika majini.

"Nilikuwa nimewabeba kinywani," alisema. "Uliniuliza mara mbili, Kaa, wala hukutaka kujua kwa nini sijibu. Kambale hutambaa nyasini hadi mto wa pili. Sisi tukitoka hapa, tumekwisha duniani."

Kaa aliona haya, akaitengua hukumu. Kambale akajikokota akaenda zake. Mvua zilinyesha, mto ukajaa, na Perege hakumsamehe Kaa.