Adui Arudi Nyumbani

Delfin Abarquez alikuwa jenezani tena, kavaa shati jeupe la barong, mikono kifuani. Mkewe, Puring, aliinama juu ya kioo cha jeneza akamkagua kama alivyozoea. Poda ilikuwa nyingi mno.

"Umemfanya keki ya harusi," alimwambia Ligaya, mpambaji wa Delfin wa miaka yote.

"Ndivyo alivyotaka mwenyewe, dada. Asionekane mchovu."

Puring hakucheka. Alikuwa anaichukia kazi hii. Manila nzima ilimjua mumewe kama adui: steringi hafi, kwa hiyo lazima afe Delfin. Alipigwa risasi, akazama mtoni, akasukumwa ghorofani, na ukumbi ukashangilia. Hakuna mwigizaji aliyejua kubana pumzi kama yeye. Lakini kila filamu ilimchukua miezi, leo Baguio, kesho Cebu, huku Puring akila wali peke yake mpaka hamu ikamtoka. Safari hii Delfin aliapa: hii ndiyo ya mwisho, nikimaliza nakuja kukaa na wewe. Puring hakutaka kingine chochote duniani.

Nyuma yake wanawake walilia kwa kuzidisha. Kwenye meza ya karata mtu alipiga kelele za ushindi, akanyamazishwa. Amado, mwongozaji, alizunguka akiwaonyesha watu pa kusimama.

"Machozi, shemeji!" alimvuta Puring taratibu. "Yasidondokee kioo, tafadhali."

Jioni Amado alimsindikiza hadi nje, macho yamemvimba.

"Kwa leo inatosha. Ila usiende moja kwa moja. Pitia kwanza kwa yule mama wa uji, unywe hata vijiko viwili."

"Amado, unanifundisha mimi? Si mimi niliyewafundisha nyie?"

Ilikuwa kweli. Ukitoka penye jeneza huendi kwako moja kwa moja. Unapita kwanza pengine, ili marehemu anayekufuata akupoteze njiani. Kila Delfin alipomaliza kuigiza maiti, Puring alimzuia mlangoni mpaka aseme amepita wapi.

Kwa mama wa uji sufuria lilikuwa linafuka moshi. Puring alimwambia dereva wa bajaji asithubutu kusimama.

Nyumbani aliufungua mlango wote, akasogea pembeni kumpisha mtu.

"Ingia, Del," alisema. "Kesho wakazike mwili tu."