Pole ya Fainali

Siku ya tatu ya msiba wa mumewe, Bi Mwanahawa alikuwa amechoka kuambiwa pole. Kila aliyeingia alimshika mkono akasema, "Pole sana, bibi," naye akajibu kama watu wote wajibuvyo, "Nimeshapoa," ilhali hajapoa hata chembe, na mdomo umemkauka kwa neno hilo moja.

Nje, chini ya turubai, wanaume walikaa mikekani kwa adabu, ila masikio yote yalikuwa kwenye redio ya marehemu, ile iliyofungwa mpira kiunoni betri zisidondoke. Timu ya taifa ilikuwa fainali. Mzee Shamte aliisubiri siku hii tangu ujana wake, ikamkuta kaburini. Mdogo wake, Kombo, alipunguza sauti kabisa, akaifunika redio kwa kofia yake, wasije wakaonekana wanashangilia msibani.

Zilipofika penalti, hata wanawake ndani waliacha kunong'ona. Penalti yetu ya mwisho ikagonga mwamba. Kombo akajishika kichwa, na jirani mmoja, mtu mzima na ndevu zake, akaangua kilio ambacho makaburini hakukitoa.

Bi Mwanahawa akajikokota hadi mlangoni, akalisogeza pazia kidogo.

"Vipi, shemeji?"

"Tumefungwa, shemeji."

Akawatazama walivyojiinamia, mmoja mmoja.

"Poleni," akasema.

Kombo akafumbua mdomo ajibu kama watu wote wajibuvyo, neno likamkwama. Redio ikabaki inakwaruza chini ya kofia.