Mama wa Koridoni

Mzee Nyundo alisogeza farasi wake, akabonyeza saa, akaandika hatua hiyo kwa mwandiko safi, kisha akasimama na kutoka tena.

Mwamuzi alimsindikiza kwa macho mpaka mlango ulipojifunga. Kanuni za sataranji zinamruhusu mchezaji kutoka kunyoosha miguu wakati mpinzani wake anafikiri. Hazimruhusu kushauriana na mtu. Na huko koridoni, kwenye kiti cha plastiki kando ya mashine ya maji, alikaa mama mmoja mwenye koti la kijivu na mkoba mapajani. Kila alipotoka, Mzee alimwinamia, wakanong'ona kidogo. Kila aliporudi, uso wake ulikuwa umetulia.

Mpinzani wake alikuwa daktari wa meno. Akishinda mchezo huu, angepata cheo cha bingwa mkuu alichokifukuzia tangu hajaota ndevu. Lakini mezani hali yake ilikuwa mbaya na ilizidi kuharibika. Alimwita mwamuzi pembeni, akamweleza anavyoona yeye: mama ana simu, simu ina programu inayompiga bingwa yeyote duniani, na Mzee anatoka kwenda kuchukua majibu. Watu wa umri ule wanasumbuka kukumbuka walikoweka miwani, alisema, huyu anatoa ngome yake iliwe bure na bado anashinda.

"Kazi yangu ni midomo ya watu, bwana mwamuzi," alimalizia. "Mtu mwenye anachoficha namjua kabla hajafungua kinywa."

Mwamuzi alicheka kidogo, lakini hakuhukumu kwa maneno ya jumla. Kabla ya kustaafu alikuwa mhandisi wa madaraja, na alipenda kitu kinachopimika. Akavipima alivyokuwa navyo. Mzee Nyundo alikuwa bingwa mkuu wa kwanza nchini, na ubingwa wa taifa aliushika kwa miaka mingi hadi wapinzani wakawa wanagombea nafasi ya pili. Mwamuzi mwenyewe alijifunza sataranji kwa kurudia michezo ya mzee huyu, hatua kwa hatua, kwenye ubao wa makaratasi. Halafu kiwango kikaanza kuporomoka. Mzee akaacha kufundisha, akaacha kusafiri, akajifungia nyumbani. Na leo, baada ya kimya kirefu, amerudi na kucheza kama alivyocheza enzi zake.

Daraja likipinda halafu likanyooka lenyewe, mhandisi haanzi kwa kushangilia.

Adhabu aliijua. Mchezaji akithibitika kudanganya hupoteza mchezo, hunyang'anywa cheo, na kuanzia siku hiyo kila ushindi wake wa zamani hutazamwa kwa jicho jingine. Mzee angekwenda kaburini akiitwa mwizi.

Alimwacha msaidizi wake ukumbini, akashuka hadi mapokezi ya hoteli. Dada wa mapokezi hakuhitaji kubembelezwa. Wale ni mke na mume, alisema, wamefika pamoja na wako chumba kimoja. Ila mama ametoa agizo la ajabu: mzee asipewe ufunguo hata akija kuuomba mwenyewe, na akionekana anaelekea lango la nje, mama aitwe haraka.

"Ndoa za watu hizi, kaka, tuziache tu," alisema. "Baba wa watu anachungwa kama kuku wa mayai."

Mwamuzi alipanda ngazi akiwaza kuhusu ufunguo. Chumba kile kilikuwa na kitu ambacho hata mume hakutakiwa kukikaribia peke yake. Kompyuta, labda, au mtu wa tatu.

Alimkuta Mzee mlangoni, akirudi ukumbini. Akamsalimia kwa heshima, Mzee akaitikia kwa furaha, kisha mwamuzi akauliza kama anayepiga soga tu.

"Yule mama pale, mzee wangu, ni nani wako?"

Mzee Nyundo aligeuka, akamtazama mama wa koti la kijivu, naye mama akamtazama.

"Simjui, mwanangu," alisema. "Mama wa watu tu. Ila ana moyo mzuri."

Hakupepesa jicho. Mwamuzi alikuwa ameona waongo wengi katika kazi zake zote mbili, lakini hakuwahi kuona mtu anayemkana mke wake mchana kweupe, mbele ya mke mwenyewe, kwa sauti tulivu namna ile. Shaka iliyobaki ikaisha. Kilichokosekana ni kuwakamata wakitenda.

Palikuwa na stoo ya viti nyuma ya mashine ya maji, yenye mlango usiofunga vizuri. Mwamuzi aliingia humo, akasimama kati ya viti vilivyopangwa hadi darini. Alikwishaamua: akisikia jina la kete moja tu, anakwenda kusimamisha saa.

Haukupita muda mrefu. Mlango wa ukumbi ulifunguka, zikasikika hatua za Mzee, safari hii za haraka. Kupitia ufa mwamuzi alimwona akiinama hadi karibu na sikio la mama. Akazuia pumzi.

"Samahani, mama, nakusumbua tena," Mzee alinong'ona. "Mke wangu hajafika? Aliniahidi atakuja kunitazama."

Mama alinyoosha mkono, akamwekea sawa kola ya shati.

"Yuko njiani," alisema. "Rudi ucheze. Atakukuta umeshinda."