Herufi Iliyodondoka

Siku hizi hukumu huandikwa na mashine ya mahakama, na milango ya nyumba zote huitii papo hapo. Hukumu ya mume wangu Ambokile ilipaswa kusema, "Mshtakiwa aachiwe." Ikasema, "Mshtakiwa aachwe." Alitoka gerezani, lakini nyumba yetu ilikataa kumfungulia. Imeamriwa aachwe, na wa kumwacha ni mimi, mkewe.

Nilifunga na kusali, kisha nikaenda mahakamani kuomba hukumu ipitiwe upya.

"Ni herufi i tu imedondoka," nilisema.

"Tunaruhusiwa kusahihisha herufi katika hukumu yetu," mashine ilijibu kwa upole. "Haturuhusiwi kubadili maana. Na herufi hiyo, mama, inabadili maana. Hapo mamlaka yetu yanakoma."

Jioni Ambokile alikuja nje ya dirisha la jikoni, kola ya koti ameiinua kwa baridi ya Tukuyu.

"Mama Lusajo, umepika nini leo?"

"Kande."

"Kande tena? Basi mahakama ilinihurumia."

Nilicheka, kisha nikalia. Nikaegemeza paji la uso kwenye kioo. "Usiende mbali, Baba Lusajo. Nakuomba usinichoke."

"Unaongea na nani?" nyumba ikauliza.

Tangu nibatizwe sijawahi kusema uongo.

"Na Mungu," nikasema.

Kule nje mume wangu akainamisha kichwa, akaitikia taratibu, "Amina."

Nyumba iliendelea kusikiliza.