Maiti wa Jana

Machano aliigiza maiti kwenye mchezo wa televisheni, nao ulirushwa moja kwa moja, hakuna kukosea. Taa za studio zilimchoma kama jua la saa saba, jasho likaanza kumtiririkia jichoni. Akipepesa tu, mji mzima utamwona maiti kafufuka.

Mara Bi Mize, aliyeigiza mjane wake na kupangiwa kulia mlangoni bila kusema neno, akaja mbio akapiga magoti.

"Niacheni nimuage mume wangu!"

Akamfunika uso kwa kanga yake, na katikati ya kwikwi akamnong'oneza, "Pumua, kaka Machano. Nimekusitiri."

Akapumua.

Asubuhi majirani walimkuta maiti wa jana uani, keshaifua ile kanga na kuianika, naye ameketi chini yake, kivulini.