Siku ya Kupima Hewa Macalder

Afisa wa afya alipofika Macalder kupima hewa, kinu cha kusaga mawe ya dhahabu kilikuwa kimezimwa tangu asubuhi. Mwenye kinu alikuwa amemwagia uwanja maji.

"Hewa yenu ni safi," afisa akasema, akitazama kipimo chake.

Valary alikuwa ameketi juu ya gunia la mawe, kope zake zikiwa bado nyeupe kwa vumbi la jana. Mume wake, aliyeendesha kinu hicho, alizikwa Jumamosi. Kifua ndicho kilichomuua.

Akainuka, akabonyeza swichi. Kinu kikanguruma, vumbi likawafunika wote.

Afisa akaziba pua kwa tai, akakimbilia gari lake.

Valary alikuwa ameshauegemea mlango wa gari.

"Pima tena, daktari," akasema. "Hewa yetu ndiyo hii."